Mjadala: Asiye Msami apige filamu ya Wasami?

Mleta mada:
Wakuu, naishi Tromsø, kaskazini mwa Norway. Kila Januari mji hujaa watu wa filamu kwa ajili ya tamasha, na ubishi ni uleule: mgeni ana haki gani kutengeneza dokumentari kuhusu Wasami, wenyeji wa asili wa Norway, Sweden, Finland na rasi ya Kola kule Urusi?

Mimi nasema apige, ila waliopigwa waione kabla haijakamilika. Mwaka 1922 Sweden ilifungua taasisi ya serikali pale Uppsala ya kuainisha watu kwa mbari. Watafiti wake waliwaendea Wasami, wakawapima mafuvu na kuwapiga picha, wengine uchi. Picha hizo bado zimehifadhiwa, na wajukuu wanazikuta humo. Kwa hiyo ukimwona bibi anageuza uso kamera inapoingia jikoni kwake, usiseme ana aibu. Anakumbuka.

Mchangiaji wa kwanza:
Mkuu, ukishawaonyesha kabla, umewapa mkasi. Halafu "wao" ni akina nani? Finland wamegombana miaka na miaka nani aandikishwe kupiga kura ya Bunge la Wasami. Nikitaka kupiga filamu ya ugomvi huo, nimpelekee nani? Waliomo au waliokataliwa? Na mtengeneza filamu akiwa Msami, ana upande wake pia, na shangazi zake wako upande huohuo.

Mchangiaji wa pili:
Mbona Disney waliweza? Mwaka 2019, kwa ajili ya Frozen 2, katuni iliyochota kwenye utamaduni wa Wasami, walisaini mkataba na mabunge ya Wasami ya nchi tatu pamoja na Baraza la Wasami, na filamu ikatiwa sauti kwa Kisami cha Kaskazini. Katuni imeomba ruhusa, wewe wa "ukweli" unaona tabu!

Mchangiaji wa kwanza:
Disney walikuwa wanauza wanasesere. Dokumentari isiyomkera mtu ni tangazo la utalii.

Mchangiaji wa tatu:
Samahani naingilia. Mimi kilichonichosha ni reinde, wale kulungu wa nchi za baridi wanaofugwa na Wasami. Theluji, reinde, mzee kavaa gákti, vazi lao la jadi, anaimba joik, wimbo wao wa jadi, mwisho. Wafugaji ni sehemu ndogo tu ya Wasami. Wengine ni wavuvi, walimu, wauguzi, wapo Oslo kwenye maghorofa. Na mgeni akimpata mfugaji, swali la kwanza: "Una reinde wangapi?" Yaani umemwuliza mtu ana kiasi gani benki. Jaribu kumwuliza mfugaji wa kwetu idadi ya ng'ombe uone atakavyokutazama.

Mleta mada:
Hapo umesema. Nawapa mfano: Katja Gauriloff, Msami wa Skolt (kundi mojawapo la Wasami) kutoka Finland, mwaka 2016 alitoa filamu kuhusu bibi mkuu wake Kaisa. Ndani yake mna picha za zamani, na mna hadithi za Kaisa alizoziandika Robert Crottet, Mswisi aliyekwenda kwao miaka ya 1930. Kitukuu ndiye aliyeamua kipi kionekane na kipi kikatwe.

Mchangiaji wa kwanza:
Umenijibu mwenyewe. Bila Mswisi yule, angekata nini?

Mleta mada:
Mswisi yule alikaa nao, mkuu, akawa mtu wa nyumbani. Hawa wa Januari wana tiketi ya kurudi Jumapili.