Vipeo vyatutoa jasho: nani kakosea, kitabu au mwanangu?

BiMkubwa_Kisauni: Asalaam aleikum jamaa. Mwanangu wa kidato cha pili kapewa arahisishe (2x³y⁻²)² × 3xy⁵, kisha yote yagawanywe kwa 6x⁴y³. Majibu nyuma ya kitabu yasema 2x³/y². Yeye kapata x³/y² na ashikilia kitabu kimekosea. Mimi hesabu niliziacha kitambo. Nimweleweshe vipi?

FundiHesabu: Waaleikum salaam bibi. Kitabu kiko sawa. Naona kijana alipofungua mabano kaandika 2x⁶y⁻⁴. Mabano ni kama feri ya Likoni: ikivuka, wavuka wote waliomo, na ile 2 pia imo. Kwa hivyo ni 4x⁶y⁻⁴. Kutoka hapo ni mteremko. Ukizidisha, vipeo (vile vinamba vidogo vya juu) vya herufi moja wavijumlisha: 12x⁷y. Ukigawanya, wavitoa: 2x³y⁻².

Kijana_Makupa: Mpeleke tyusheni mama, usijisumbue.

Binti_Tudor: Tyusheni ya nini na kosa ni moja tu? Bi Mkubwa, mwambie aweke x = 2 na y = 1. Swali latoa 1536 ÷ 96, yaani 16. Jibu la kitabu 16, lake 8. Ubishi umekwisha. Na umwangalie kwenye kujumlisha, wengi huanguka hapo: x³ + x² si x⁵. Kwa 2 ni 8 + 4, yaani 12, na 2⁵ ni 32.

BiMkubwa_Kisauni: Shukran mwanangu. Lakini hiyo y⁻² mbona yashuka chini? Mimi nilidhani ni namba hasi.

FundiHesabu: Tazama 2³ ni 8, 2² ni 4, 2¹ ni 2. Kipeo kikipungua 1, wagawanya kwa 2. Sasa usisimame: 2⁰ ni 1, 2⁻¹ ni nusu, 2⁻² ni robo, yaani 1/2². Ndivyo y⁻² ilivyo 1/y², ikashuka chini. Zaendelea kuwa ndogo, lakini hazifiki kwenye hasi.

Mzee_Kibokoni: Lawama zote kwa Descartes, Mfaransa aliyetuletea vinamba hivi vya juu mwaka 1637. Na mwenyewe mara nyingi aliandika aa badala ya a²!

Binti_Tudor: 😂 Bi Mkubwa, mpe na hii: (3a²b⁻¹)³ ÷ 9a⁴b².

BiMkubwa_Kisauni: Kaleta 3a²b⁻⁵. Ndiyo?

FundiHesabu: Ndiyo. Ila swali likitaka vipeo chanya, aandike 3a²/b⁵.