Ushauri: kitabu cha ajabu kimeniharibia riwaya, kinajua kila kitu

Mtunzi Chipukizi:
Wakuu, heshima kwenu. Mimi msomaji wa kimyakimya humu, leo nimebanwa.

Naandika riwaya ya ulimwengu wa kubuni. Kuna visiwa saba, bahari yake hukauka na kurudi bila mpangilio, watu wanaishi kwa kuvizia maji. Kwenye kisiwa kikubwa kuna kitabu kinaitwa Chuo cha Maji (nimetumia "chuo" kwa maana ya zamani, kitabu). Ukikifungua kinakwambia litakalotokea. Anayekisoma ni Tatu, mjukuu wa mlinzi wake.

Shida ni kwamba kila Tatu akibanwa, anafungua kitabu. Maadui wanakuja? Kitabu. Mama kapotea? Kitabu. Nimefika sura ya 9 na hakuna anayeogopa chochote. Nilimpa dada yangu asome, akafika katikati akaniuliza, "Kwani hawawezi kufungua ukurasa wa mwisho tukalale?" Sikuwa na jibu.

Nikipunguze nguvu vipi bila kukifanya kopo tupu?

Kaka Mkavu:
Kichome moto sura ya 2. Kazi kwisha.

Mtunzi Chipukizi:
Mkuu, nikikichoma sina riwaya, nina watu saba wanaongojea maji.

Binti wa Visiwani:
Mimi niko Lamu, nitauliza ya kwetu. Hicho kitabu nani alikinakili? Kwa wino gani? Karatasi ilitoka wapi? Maana umekiandika kama kinaelea hewani. Kitabu ni kitu, mchwa anakila, chumvi inakitafuna. Siyu, hapo kisiwani Pate, karne ya 18 na 19 palikuwa na wanakili wa misahafu waliosifika, wino mweusi, mwekundu na manjano, na karatasi inavuka bahari kuwafikia. Mtu anainama na kalamu ya mwanzi siku baada ya siku. Ulimwengu wako una bahari inayokauka, basi jahazi la karatasi linafikaje? Ukijibu hilo tu, kitabu kitaanza kuwa ghali.

Jengine: kuna kombe. Maneno yanaandikwa kwenye sahani kwa zafarani, yanaoshwa kwa maji ya marashi, mtu anakunywa. Fikiria Tatu akitaka kutumia neno la Chuo lazima alioshe. Akishalinywa halipo tena.

Abu Kimya:
Hapo kwenye kombe naomba uangalifu. Zile ni aya za Mungu, kwetu ni tiba na dua, si uchawi wa riwaya. Usizichanganye.

Binti wa Visiwani:
Maneno yako kweli, ndugu yangu. Nilimaanisha aazime kule kufutika tu, dini aiache.

Mtunzi Chipukizi:
Nimeelewa wote wawili. Naogopa pia likishafutika neno kila mara, kitabu kitaisha kabla ya riwaya.

Fundi Jalada:
Nashona vitabu, na vya mkono vya hati za Kiarabu nimevishika kadhaa. Nikupe kitu kimoja ambacho hutakiona kwenye kitabu cha dukani.

Vingi havina namba za kurasa. Mwandishi akifika mwisho wa ukurasa wa kulia, pale chini pembeni anaandika neno la kwanza la ukurasa unaofuata. Neno moja, dogo, limeinama. Kazi yake ni kumsaidia mtu kama mimi, karatasi zikichanganyika nafuata neno, nazipanga upya.

Sasa chukua hilo. Chuo cha Maji kiwe kinajiandika yaliyokwisha kutokea tu, yale ya leo na jana. Lakini pale chini pembeni kiache neno moja la kesho. Ukurasa wa pili mtupu. Dada yako akifungua wa mwisho atakuta karatasi nyeupe.

Mtunzi Chipukizi:
Aisee. Nimesimama kwenye kiti.

Mwalimu wa Zamu:
Ngoja nikuongezee chumvi. Kiswahili kilipoandikwa kwa hati za Kiarabu kwa mtindo wa zamani, herufi ya "be" ilibeba b, na p, na mara nyingine hata mb. I na e alama moja, u na o alama moja. Msomaji aliyejua habari hakupata tabu, maneno ya jirani yalimwongoza.

Ila neno la Fundi Jalada halina jirani. Liko peke yake pale chini. Hebu andika "baba" kwa mtindo huo, kisha andika "papa". Umeona?

Tatu mama yake kapotea, baba yake hajawahi kumjua. Anafungua kitabu, anasoma "baba". Anashuka ufukweni alfajiri, maji yanarudi.

Kaka Mkavu:
Nafuta ushauri wangu wa kuchoma moto.

Binti wa Visiwani:
Na hapo umepata siasa ya visiwa vyako bila jasho. Kuwe na nyumba mbili za wasomaji. Moja husoma kila neno kwa sauti laini, nyingine kwa sauti nzito, na wanagombania nani akae mlangoni pa Chuo. Babu yake Tatu ni wa nyumba ipi? Na aliposoma lile neno siku mwanawe anaondoka, alisoma lipi?

Mtunzi Chipukizi:
Dada, hilo swali la babu limeninyima usingizi na bado saa mbili usiku. Nilimweka mzee wa kukohoa tu pembeni.

Nimefuta sura ya 5 mpaka ya 9.

Fundi Jalada:
Usifute! Zitoe, zifunge na uzi, weka kabatini.

Mtunzi Chipukizi:
Nimeshafuta mkuu. Nimebaki na neno la mwisho la sura ya 4, na kwa bahati mbaya ni "lakini".