Ushauri jamani: wiki moja Barbados na mume wa Mombasa anayesema bahari ameshaiona

Mama_Zuhra
Habari zenu wakuu. Niende moja kwa moja. Mimi mzaliwa wa Tanga, naishi Reading huku Uingereza, mume wangu mtu wa Mombasa. Mwakani tunatimiza miaka kumi ya ndoa na nimepata ofa ya Barbados, kile kisiwa cha Karibea, wiki moja ile likizo fupi ya shule ya mwezi wa pili, ndege na hoteli pamoja, na binti yetu wa miaka nane tunaenda naye. Tatizo ni baba mtu. Anasema yeye kazaliwa Nyali, kaogelea kabla hajajua kusoma, sasa atoe pauni zote hizo akaangalie minazi na mchanga mweupe?? Na mimi kwa upande fulani namwelewa maana picha za hiyo hoteli ni Diani tupu, iko Holetown upande wa magharibi.

Nataka vitu vya kufanya ambavyo si kulala kwenye kiti ufukweni. Yeye hanywi, nguruwe hali, disko hataki. Anapenda samaki na anapenda kupiga stori na watu asiowajua. Mimi historia kidogo, mtoto wanyama. Hela ya kutembea ipo ila si ya kumwaga. Karibuni, matusi hapana.

Mzee_wa_Kaunta
Barbados bila pombe?? Kisiwa kina kiwanda cha ramu chenye karatasi za mwaka 1703 halafu unampeleka mtu wa juisi ya ukwaju. Mngeenda Unguja tu dada yangu, mngebakiza na nauli.

Mama_Zuhra
Nilijua utafika wa kwanza 😂 pita taratibu mzee wangu

Nahodha_Kisauni
Huyo mumeo ni ndugu yangu wa damu na namwelewa, ila mwambie bahari si moja. Mie nafanya kazi meli za watalii na Bridgetown, mji mkuu wao, tunatia nanga sana msimu wa baridi. Hapo Holetown mko upande wa Karibea, maji yametulia, mazuri kwa mtoto, sawa, lakini kisiwa chenyewe upana kilomita 23 tu na urefu 34, na ukivuka upande wa pili ni Atlantiki, na hiyo mtu wa Nyali hajaiona. Nendeni Bathsheba. Mbele yenu hakuna kisiwa kingine mpaka upande wa Afrika, wimbi linakuja na hasira zake zote, na pale ufukweni kuna majabali makubwa yaliyoliwa chini na maji mpaka yamesimama kama uyoga. Kuogelea msijaribu, mkondo unavuta, wanaoingia ni wale wa mbao za kusefu. Lakini maji yakipwa kuna vidimbwi katikati ya mawe, watu wanakaa humo wametulia huku wimbi linapasuka nyuma yao, mtoto hatataka kutoka.

Msikodi teksi kwenda huko. Pandeni basi la serikali stendi ya Fairchild Street pale Bridgetown, nauli dola 3.50 za kwao popote uendapo, na muwe na chenji kamili kwa sababu kwenye basi la serikali harudishiwi mtu hela. Kule kusini na mjini kuna vipanya vyeupe vyenye mstari wa damu ya mzee, wanaviita ZR, hivyo sasa mumeo ndio atajisikia nyumbani, mziki juu, konda anakusukuma ndani na watu wanaongea na kila mtu.

Mama_Zuhra
Hapo umenigusa. Dola za kwao ziko vipi, nabeba pauni au?

Nahodha_Kisauni
Mbili za kwao ni moja ya Marekani, haipandi haishuki. Dola za Marekani zinapokelewa karibu kila mahali, na hapo ndipo wageni wanapolia. Mtu akikwambia ishirini, muulize ishirini ya nani kabla hujafungua pochi. Teksi hazina mita, mkubaliane bei mkiwa bado mmesimama nje.

Bibi_Ofa
Mi natofautiana na nahodha. Mmelipia hoteli, kuleni hoteli. Kisiwa ni ghali, chakula kingi kinaletwa kwa meli, ukiingia supamaketi utadhani bei zimeandikwa kimakosa. Familia ya watu watatu kula nje kila siku mtarudi na madeni. Wiki yenyewe siku mbili ni uchovu wa ndege, basi tena kuhangaika na stendi na mtoto wa miaka nane? Mwache mumeo anune siku moja, kesho yake atazoea kiti.

Mke_wa_Mbajani
Bibi_Ofa kwa supamaketi uko sahihi kabisa, ila chakula cha barabarani si ghali kihivyo. Nimeolewa huku na Mbajani, yaani mtu wa Barbados, naishi Christ Church upande wa kusini, kwa hiyo naongea ninachokula.

Dada Zuhra, mpe mumeo cou-cou na panzi. Panzi namaanisha samaki yule anayeruka juu ya maji, yuko mpaka kwenye sarafu ya dola yao moja. Cou-cou ni unga wa mahindi wa njano unasongwa na maji yaliyochemshiwa bamia, bamia zenyewe zinabaki humo humo. Mama mkwe wangu ana mwiko wake bapa wa mti, anamimina maji ya bamia kidogo kidogo huku anasonga, akiona donge moja tu anaguna. Ukiiva anaugeuza kwenye bakuli lililopakwa siagi, anautoa umbo zuri la mviringo, anabonyeza shimo katikati, mchuzi wa nyanya na kitunguu na ndimu unakaa hapo. Mtu wa pwani akila hiyo ugomvi wa minazi umekwisha.

Na Ijumaa usiku ni Oistins, soko la samaki upande wa kusini, makaa yanawaka, kuna marlini, jodari, kamba, mziki, vibibi na vibabu wanacheza dansi, mezani unakaa na yeyote aliyeacha nafasi. Nendeni mapema kama saa kumi na mbili, baadaye foleni haina mwisho.

Tahadhari za mlo: Jumamosi utaona kila mahali pudding na souse, hiyo ni nguruwe, pita mbali. Keki nyeusi za sikukuu zimelowekwa kwenye ramu, usiseme hukuambiwa. Fishcakes ni samaki wa chumvi, kuleni, ila ulizeni mafuta yamekaanga nini kingine. Bridgetown msikiti upo na Waislamu wenye asili ya Gujarat wapo siku nyingi, akitaka swala ya Ijumaa hakosi.

Mengine mawili. Nguo za mabaka mabaka ya jeshi acheni Reading, hata kofia ya mtoto, sheria ya huku raia haruhusiwi. Na ufukweni kuna mti unaitwa manchineel una matunda ya kijani madogo kama tofaa, mara nyingi umepakwa mstari mwekundu shinani. Ni sumu, hata mvua ikinyesha msijikinge chini yake, utomvu unaunguza ngozi. Mwambie mtoto asiokote tunda lolote.

Mama_Zuhra
Weee hilo la mti nimepiga skrinishoti. Na wanyama je?

Nahodha_Kisauni
Kasa. Carlisle Bay, palepale karibu na mji, maji ya kina kifupi na chini kuna meli zilizozamishwa, ukivaa miwani ya kuogelea unaziona. Kuna safari za katamarani, zile boti za matumbo mawili, wanakupeleka na chakula juu, nzuri ila hela inakatika, na manahodha wengine wanawarushia kasa vipande vya samaki ili wasogee, mie hiyo siipendi. Kasa aina ya ng'amba wakitaga hamtaona, wanaanza kama mwezi wa tano.

Ila kitu cha bure: amkeni kabla ya jua, nendeni hapohapo Carlisle Bay. Farasi wa mashindano wanaletwa kuogeshwa baharini. Kila mmoja na mtu wake, farasi anaingia mpaka shingoni, anapumua kwa kelele, pua tu na masikio ndio yako juu ya maji. Mtoto wa kike wa miaka nane, we acha.

Karatasi_za_Zamani
Kwa upande wa historia usiishie kwenye majengo ya mji, ingawa Bridgetown na ile Garrison yake, kambi ya zamani ya jeshi la Waingereza, vipo kwenye orodha ya UNESCO tangu 2011 na kuna nyumba aliyokaa George Washington mwaka 1751 akiwa kijana. Mimi nakwambia nenda Newton, kwenye makaburi ya watumwa wa shamba la miwa. Hakuna mawe ya majina, ni uwanja wa majani umeinuka kidogo na watu mia tano na zaidi wako chini. Halafu mkipita kwenye raundi abauti ya Haggatt Hall mtaona sanamu la mtu amenyanyua mikono, minyororo imekatika. Wenyeji wanaliita Bussa, yule aliyeongoza uasi wa watumwa wa 1816. Nchi imekuwa jamhuri 2021 tu juzi, na usiku uleule wakamtangaza Rihanna shujaa wa taifa.

Mzee_wa_Kaunta
Mngeanza na Rihanna mimi nisingebisha

Kijana_Temeke
Nje ya mada kidogo wakuu, sisi tulio Dar pasi ya kawaida tunaingia?

Mke_wa_Mbajani
Pasi ya Tanzania na ya Kenya haihitaji viza kuingia Barbados. Kazi ni njia, ndege ya moja kwa moja hakuna. Ukipitia Marekani lazima viza yao hata kama hutoki uwanjani, ukipitia London uliza mambo ya transiti kabla hujalipa tiketi.

Mama_Zuhra
Nimemsomea mume wangu posti zote. Kwenye minazi bado mbishi ila kwenye cou-cou kaniambia rudia. Sasa swali la mwisho: tunafika Jumamosi tunaondoka Jumamosi asubuhi, kwa hiyo Ijumaa ni moja tu na yeye anataka Bathsheba siku hiyohiyo baada ya msikiti. Tufanyeje?

Mke_wa_Mbajani
Bathsheba Jumanne. Ijumaa msikiti, mchana mlale, jioni Oistins. Mabegi mfunge Alhamisi.