Naandika riwaya yenye mashine ya kugeuza mawazo kuwa maneno, ifanyeje kazi mpaka msomaji aamini?

mzee_wa_kalamu
Wakuu habari za jioni. Kuna riwaya naandika, ni Dar ya miaka mingi ijayo, humo kuna fani nimeibuni mwenyewe, watu wanasomea chuoni kabisa kutafsiri mawazo. Unavalishwa kofia, unawaza, wao wanaandika. Mhusika wangu ni dada anaifanya hiyo kazi mahakamani, anasoma kichwa cha shahidi halafu hakimu anapewa karatasi. Sasa kila nikiandika hapo mahakamani inatoka kama mtu anasikiliza redio, mawazo yanakuja yamenyooka na nukta na mkato, hata mimi mwenyewe siamini. Hivi mawazo kabla hayajawa maneno yanakaaje? Na sayansi iliyopo sa hivi ina chochote cha kushikia au nijitungie tu? Majini hapana, hiyo nimeshaambiwa na shemeji.

Kiberenge
Mimi ukinivalisha hiyo kofia utakuta kodi ya nyumba tu mwanzo mwisho 😂

neva_na_nafsi
Mkuu mleta mada, vipo vya kushikia, tena vingi, ila kuna vitu viwili watu wanavichanganya. Cha kwanza ni kusoma *nia ya kusema*. Mwaka 2023 watafiti wa kule California walitoa matokeo ya mama mmoja aliyepooza kwa kiharusi, walimwekea elektrodi (vidude vya kunasa umeme) 253 juu ya ubongo, sehemu inayoamrisha midomo, ulimi na koo, akijaribu kutamka kompyuta inatoa maneno, kama 78 kwa dakika. Hapo hakuna wazo lililosomwa, ni amri za mdomo, yule mama sentensi alikuwa ameshaipanga mwenyewe.

Cha pili ndo kinakufaa wewe. Mwaka huohuo chuo kikuu cha Texas, Austin, hawakupasua mtu, walitumia MRI, ile mashine ya hospitali ya kupiga picha ndani ya mwili. Mhusika analala humo masaa 16 anasikiliza podikasti ili programu imzoee yeye, maana kwenye jaribio lile ya huyu haikufanya kazi kwa yule. MRI inaangalia damu inavyotembea kwenye ubongo, na damu ni ya polepole, wimbi moja linapanda na kushuka kama sekunde 10 hivi, wakati mdomo umeshapita maneno ishirini na ushee. Kwahiyo hawapati neno neno, wanapata maana imerundikana, alaf programu ya lugha inakisia sentensi zinazoendana na huo mrundikano. Kuna sehemu aliyesikiliza alisikia mtu anasema hana leseni ya udereva bado, mashine ikatoa kwamba "yeye" hata kujifunza kuendesha hajaanza. Ona hapo, mimi imegeuka yeye, na habari imeongezwa chumvi. Hiyo peleka mahakamani kwako uone kesi itakavyochacha.

mtoto_wa_jena
Nyongeza kidogo kwa mleta mada kwasababu anapenda hadithi. Hans Berger, Mjerumani aliyekuwa wa kwanza kurekodi umeme wa ubongo wa binadamu, alianza hiyo safari kwasababu aliamini mawazo yanaweza kuruka kutoka kichwa kimoja kwenda kingine. Akiwa jeshini alianguka kwenye farasi nusura akanyagwe na gari la mzinga, siku hiyohiyo ikaja telegramu ya baba yake kuuliza hali yake, dada mtu alihisi ndugu yake yuko hatarini. Akarekodi 1924 pale mji wa Jena, Ujerumani, akakaa kimya mpaka 1929 ndo akachapisha. Alichokuwa anatafuta hakukipata, ila EEG ya hospitali, kile kipimo cha umeme wa ubongo, ndo imetokea hapo. Kwahiyo fani yako ya kubuni ina babu wa kweli, usiogope kuonekana umepagawa.

mzee_wa_kalamu
Aisee asanteni, hiyo ya leseni imeniamsha. Sasa swali, shahidi akitaka kuificha siri anaweza? Nina mtu kwenye sura ya tano lazima afiche.

neva_na_nafsi
Anaweza, na hili walilijaribu haohao wa Texas. Waliolala kwenye mashine waliambiwa wahesabu kwa saba saba, au wataje majina ya wanyama kimoyomoyo, au wajisimulie hadithi nyingine, mashine ikapoteana. Bila ridhaa ya mwenye kichwa haiendi, kwa sasa. Chile wao hawakusubiri, 2021 waliingiza kwenye katiba kulinda shughuli za ubongo wa mtu.

Ila mimi ningekuwa wewe nisingehangaika na shahidi mwongo, huyo kila mtu ameshamwandika. Mchukue shahidi mkweli kabisa anayetaka kusaidia, kichwani ana picha ya mtu anakimbia, harufu ya mafuta ya taa, hofu, na jina ambalo halijakaa sawa. Hakuna sentensi humo. Dada yako ndo anaiweka sentensi, anachagua "alikimbia" au "alitoroka", na hakimu anadhani yote yametoka kwa shahidi. Na kama shahidi anawaza nusu Kisukuma nusu Kiswahili huku programu imelishwa Kiswahili cha magazeti, pengo litajazwa na nani?

mzee_wa_kalamu
Duh. Inabidi nifute sura mbili. Na huyo dada nilikuwa nimemfanya mtakatifu.

Kiberenge
Usisahau kuweka wakili anayewafundisha wateja wake tebo ya saba kabla ya kesi, bei yake kwa saa.