Muuzaji kagoma kuhamisha hati, bei imepanda. Kiwanja kinadaiwaje?

mtaa_wa_pili
Wakuu, naomba ushauri. Kiwanja chenye hati, Kibaha. Mkataba wa maandishi wa Februari 2021, bei milioni 18. Zikalipwa 15 kupitia benki. Tatu za mwisho zilipwe 30 Juni 2021, siku ya kusaini fomu za uhamisho. Mnunuzi akapeleka mbili, tena kwa kuchelewa wiki tatu. Muuzaji akapokea, akanyamaza. Imebaki moja. Leo muuzaji anasema mkataba ulishakufa, atarudisha hela. Mnunuzi anataka kiwanja. Mkataba haukusema lolote kuhusu kuchelewa.

nyaraka_kwanza
Hesabuni muda kabla ya yote. Watu wakisikia ardhi wanakumbuka miaka 12, lakini hiyo ni ya kudai ardhi yenyewe. Dai linalosimama juu ya mkataba lina miaka 6. Hesabuni tangu 30 Juni 2021, msianze kubishania ni lini hasa aligoma. Vikao vya kuombana radhi havisimamishi saa.

Kuchelewa kwenyewe hakunitishi. Someni kifungu cha 55 cha Sheria ya Mikataba: kama pande mbili hazikukusudia muda uwe sharti la msingi, muuzaji anaweza kudai fidia, si kuvunja mkataba. Na hizo milioni mbili alizipokea! Tafuteni taarifa ya benki yenye tarehe.

Kinachoua kesi hizi ni ile milioni moja. Anayetaka mwenzake alazimishwe kutimiza mkataba lazima aonekane yeye yuko tayari. Mwandikieni muuzaji barua kwamba fedha ipo, ataje siku ya kusaini, nanyi mbaki na nakala ambayo muuzaji amesaini kuipokea. Akikataa kupokea, ombeni kuiweka kwenye baraza la ardhi litakalosikiliza kesi.

karani_mstaafu
Naongezea njia. Malalamiko yaanzie Baraza la Kata. Tangu marekebisho ya 2021 linasuluhisha tu, halitoi hukumu. Zikipita siku 30 bila suluhu, nendeni Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya hata bila cheti cha kata. Milioni 18 iko mbali na ukomo wake wa milioni 300.

Mkataba ulipiwe ushuru wa stempu TRA, mamlaka ya mapato, mapema. Usipolipiwa, wakili wa upande wa pili atasimama kuupinga siku ya kutoa vielelezo na mtaanza kuhangaika na faini.

Mke wa muuzaji aliridhia? Kama ni mali ya ndoa na sahihi yake haimo, tarajieni pingamizi hapo.

mtaa_wa_pili
Mke alisaini kama shahidi. Na muuzaji asije akamuuzia mwingine wakati kesi inaendelea?

nyaraka_kwanza
Kusaini kama shahidi si sawa na kuridhia, ila kunamzuia kusema hakujua. Fanyeni upekuzi kwa Msajili wa Hati, mjue kama hati haijawekwa rehani, kisha wekeni zuio hapohapo kwa Msajili, hati isihamishwe. Barazani ombeni zuio la muda kwa vigezo vya kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe, 1969. Kiapo kieleze kwa nini fidia ya pesa haitatosha. Wengi huandika mstari mmoja hapo na kunyimwa.

karani_mstaafu
Sasa maombi yenyewe, maana hapa ndipo hukumu nyingi hukwama. Msiishie kuomba "kutamkwa mmiliki halali". Ukishinda hivyo, muuzaji akikaa kimya, unarudi ulikotoka. Ombeni aamriwe kukabidhi hati, kusaini fomu za uhamisho, namba 29, 30 na 35, ndani ya siku zitakazotajwa, na akishindwa, baraza lisaini kwa niaba yake. Wakati wa kukaza hukumu, yaani kuitekeleza, ambatanisheni fomu zilizokwisha kujazwa, namba ya kiwanja na kitalu ikiwa ileile iliyo kwenye hati. Herufi moja ikipishana, ofisi ya ardhi inazirudisha.

Ombeni pia mdaiwa alipe kodi ya faida ya mauzo. Bila uthibitisho wa TRA uhamisho hausogei, na hiyo kodi ni ya muuzaji. Amri iseme kwamba akigoma, mnunuzi atailipa na kumdai.