Hivi lile lisanamu la "MUDA" walilotuwekea Kijenge ni la nani, na kwa nini linatudanganya mchana kweupe?

Wakuu salama? Mimi si salama, naandika hapa nimevurugwa kinoma.

Machalii wa Chuga, yani Arusha, mnaopita huku kwetu Kijenge mtakuwa mmeshaliona, kale kauwanja ka pembetatu palipokuwa na mjakaranda na benchi la muuza kahawa. Tumeamka tu asubuhi mti hakuna, benchi hakuna, limesimama lijitu la chuma refu kuliko nguzo ya goli, halina uso, mgongoni limebeba mtoto na huyo mtoto ndo mwenye uso, tena uso wa kizee, makunyanzi mpaka shingoni. Kifuani lina tundu, ukichungulia unaona kisanduku kimepigwa kufuli. Chini wamemwaga zege wakachora nusu duara lenye namba, na kibao kimeandikwa MUDA, basi, hakuna jina la fundi wala mwaka wala nani kalipa. Tukiuliza ngazi ya mtaa tunaambiwa ililetwa karatasi, karatasi iko wapi hakuna anayekumbuka.

Af msije kuniambia sipendi sanaa. Mimi fundi wa kuchomelea na kazi ya ule uso nimeikubali mia kwa mia, yale makunyanzi yamejengwa kwa rodi nyembamba mstari juu ya mstari, grinda haijapita juu, hata pale kwenye kope mkono haujatetemeka. Na wazo lenyewe nimelielewa kwa namna yangu, kwamba uzee tunazaliwa nao tunaubeba mgongoni na wenyewe ndo unatuona, sisi hatuuoni. Hilo halinisumbui. Wamakonde wanachonga ukoo mzima umepandiana kwenye gogo moja la mpingo na hatujawahi kudai maelezo.

Kinachoniuma ni kwamba lile dude ni saa ya jua halafu halijui jua la Arusha!

Nieleze taratibu. Lijitu ndo mshale, kivuli chake kinatakiwa kiangukie kwenye zile namba. Namba zote wameziweka upande wa kaskazini tu. Sasa hiyo ni akili ya Uingereza, kule jua la mchana linapita kusini mwaka mzima kwa hiyo kivuli kinalala kaskazini mwaka mzima, sawa. Sisi tuko nyuzi 3 na ushee tu kusini mwa ikweta. Desemba jua la mchana linapita kusini, hapo angalau kivuli kinaangukia upande wa namba. Ila kuanzia mwisho wa Machi mpaka Septemba linahamia upande wa Mlima Meru, kivuli kinaangukia kusini, na kusini pale kuna nini? Mtaro. Sa hivi mwezi wa saba, siku jua likitoka (baridi ya mwezi wa saba mnaijua wenyewe) kivuli cha muda kinashinda mtaroni kutwa nzima na chupa za maji na maganda ya mahindi. Af kuna kipindi katikati ya Machi na mwanzoni mwa Oktoba jua linakaa utosini kabisa, kivuli kinaishia miguuni, hapo sijui tusomeje.

Na hizo namba zenyewe zimeanza na 6, katikati 12, zikaishia 6. Yani hapa Arusha jua linachomoza saa kumi na mbili na ushee mwaka mzima, tofauti haifiki hata saa moja, watu wote tunahesabu kuanzia alfajiri, saa sita ndo jua la utosi, we unaweka 12 pale juu kwa ajili ya nani? Juzi mzee mmoja wa makamo ya babu yangu kasimama pale saa nne asubuhi, akahesabu namba kuanzia ile 6 ya asubuhi akafika 10, akaniuliza, kijana, ina maana ni saa kumi hii? Nikamwambia shikamoo babu, hilo lisikusumbue, angalia simu.

Hata wangepatia namba bado isingelingana na simu, maana saa ya Afrika Mashariki imepimwa kwa mstari wa longitudo 45, uko mashariki kwetu, na sisi tuko karibu na 37, kwa hiyo hapa jua linafika juu kabisa kama nusu saa baada ya saa sita, kuna miezi inapungua kuna miezi inazidi. Mtu angeuliza tu. Hata ule mjakaranda waliokata ulikuwa unajua zaidi, ukianza kumwaga maua unajua vuli hiyo inakuja.

Mjini minara ipo na hatugombani nayo. Mnara wa Saa kila mtu anajua ni saa, Mnara wa Azimio hata mtoto atakwambia ni Azimio la Arusha la 1967. Hili halina wa kulisemea. Na limeshaanza kutu, hawakupiga rangi ya kuzuia kutu hata mkono mmoja, inachuruzika kwenye zege. Kuna dogo alikuja kulipiga picha akaniambia eti kutu ni makusudi, ndo muda wenyewe unafanya kazi. Dogo, nikikutengenezea geti likaanza kutu wiki ya tatu nikakwambia ni makusudi utanilipa?

Dawa ipo na si ghali. Lijitu libaki na mtoto wake, ila pembeni iwekwe fimbo ya chuma iliyoinuliwa juu ya ardhi, inalala karibu sambamba nayo kutoka kaskazini kwenda kusini, ncha ya kusini iinuke hizo nyuzi 3 na kitu, namba zipangwe pande mbili, mashariki na magharibi, na zianze na moja asubuhi kama watu. Chuma natoa mimi, kuchomelea bure.

Anayemjua mwenye hili dude aje PM (ujumbe wa faragha). Na asije mtu kuniambia niende ofisini, ofisini nishaenda.