Natafuta muvi za mtu aliyeachwa akaanza upya, ila zile za kurudiana sitaki

mwana_makorora

Habari za jioni wanajamvi. Naomba msaada, natafuta muvi. Iwe ya mtu aliyeumizwa kwenye mapenzi halafu akaanza upya, na aanze kweli jamani, sio zile zetu mume anaondoka na kimada saa nzima ya kwanza, halafu dakika za mwisho anarudi amekonda, anapiga magoti uwani, mke analia, kaka wa mke analia, wanasameheana, usikose pati tuu. Hizo nimeshiba.

Sababu nisiwafiche, mchumba wangu kaoa na aliyeolewa sio mimi. Barua ya posa ilishajibiwa, mahari nusu imepokelewa, vitenge vya sare vimeshakatwa na somo yangu kashaanza kunipiga singo, mara binti wa jirani ananionyesha statasi, bwana kavaa kanzu na joho huko huko Dar anakofanya kazi, pembeni yake bibi harusi. Mama anasema nikae kimya watu watasahau. Tanga hii watu wasahau? Mpaka anayekaanga mihogo pale kona ananiongezea kipande bila kumuomba, najua ananihurumia na mimi sitaki kuhurumiwa, ingawa kipande nakula.

Kijana wa kuingiza muvi kwenye flashi hanisaidii. Nikimwambia nataka ya mapenzi ananiwekea sizoni za Kifilipino, nikimwambia nataka ya mtu aliyeachwa ananiwekea ya mtu aliyeachwa anarudi na bunduki.

fundi_baiskeli_ngamiani

pole sana dada angu mungu atakupa alie bora. samahani lakini iyo ya bunduki inaitwaje

bint_pangani

Fundi wewe huna adabu 😂

Shoga pole mwaya. Mimi nakupa moja tu na hiyo ukishaiona utanikumbuka kwa dua, inaitwa Queen, ya Kihindi, imetoka 2014, kacheza Kangana Ranaut na ilimpa tuzo ya taifa kule kwao ya mwigizaji bora wa kike. Anaitwa Rani, binti wa Delhi, mpole hata kuvuka barabara mpaka asindikizwe, harusi ikiwa imekaribia kabisa mchumba anamwita mgahawani anamwambia basi, mimi nimekaa Ulaya nimebadilika wewe hujabadilika. Rani mikono ina hina shoga! Anabembeleza mbele za watu mpaka unatamani uingie kwenye tivii umtoe. Anajifungia chumbani, halafu akitoka anawaambia wazazi ile fungate ilishalipiwa na mimi naenda peke yangu.

Basi anaenda Paris na Amsterdam. Nilichopenda ni kwamba haendi akabadilika siku ya pili kama wengine wanavyofanya, yaani yupo Paris anaukimbia ule mnara wa Eiffel maana alipanga kwenda kuuona na yule mwanaume, kila kona mnara unamchungulia. Kibaka anataka kumpora mkoba anaung'ang'ania mpaka kibaka anashindwa. Amsterdam anapangishwa chumba kimoja na wanaume watatu asiowajua, usiku wa kwanza halali humo, mwisho wanakuwa ndugu. Na mwanaume anamfuata mpaka huko anataka warudiane, nisikumalizie, ila kile anachomwambia mwishoni pamoja na ile pete mkononi, mimi nilisimama nikapiga kigelegele peke yangu sebuleni. Hapati mume mwingine, muvi inaisha yupo mwenyewe na anacheka.

kamanda_wa_deep_sea

Hivi kwa nini kwenye hizi muvi anayeachwa ni mwanamke tu? Sisi tunaachwa kila siku hapa Tanga, tunaachwa na wenye pikipiki, tunaachwa na wenye bodaboda mbili.

Dada tafuta Forgetting Sarah Marshall ya 2008. Jamaa anaachwa na demu wake ambaye ni staa wa tivii, anasafiri mpaka Hawaii akapumzishe kichwa, anafika hotelini anamkuta demu yule yule kafika na bwana mpya, hoteli moja! Utacheka na utalia. Onyo tu, mwanzoni kabisa anaachwa akiwa mtupu kama alivyozaliwa, na ninaposema mtupu namaanisha mtupu, usiiweke sebuleni mama yupo.

Nyingine 500 Days of Summer ya 2009. Hiyo inaruka mbele na nyuma, mara siku ya mia mbili mara siku ya kwanza, usipotulia utadhani flashi mbovu. Kuna sehemu skrini inagawanywa mara mbili, kushoto vile jamaa alivyotegemea sherehe itakuwa na kulia vile ilivyokuwa kweli. Mimi hapo nilizima nikaenda kukaa barazani. Maana ndivyo tunavyofanya, mtu kakuambia toka mwanzo sitaki mambo mazito, wewe kichwani umeshaezeka nyumba.

bint_pangani

Kamanda pole na wewe aisee sikujua 😂😂

bi_mkubwa_chumbageni

Wanangu hamjambo. Nyie mnataja za juzi juzi, sisi tuliokuwa tunaingia sinema ya Majestic tunazo zetu. Mwana wa Makorora, pole mama, na ushukuru. Kwanza wewe hata eda hukai kwa kuwa hujaolewa, umetoka mzima na jina lako, aliyetoka kwenye ndoa ya miaka na watoto wanne ndiye wa kumlilia.

Tafuta Prem Rog ya Raj Kapoor, ya 1982. Yumo marehemu Rishi Kapoor na Padmini Kolhapure. Binti wa ukoo wa kitajiri anaolewa kwa shangwe zote, mume anakufa siku chache tu baada ya harusi, na kwa mila za wale mabwana mjane ndio basi, maisha yake yamekwisha hapo. Huko ukweni anadhulumiwa na shemeji yake, dhuluma kubwa ambayo siitaji hapa. Yule kijana aliyempenda toka utotoni anarudi anamkuta kawa kivuli. Mbona tulilia. Lakini nilichokipenda mimi ni kwamba hachukuliwi akapelekwa mbali kwenda kusahau, anaanzia pale pale kwenye ua ule ule, mbele ya wazee wale wale waliosema haiwezekani. Mambo yanaisha hadharani, kila mtu anaona.

Halafu hiyo Kuch Kuch Hota Hai yenu ya 1998 mnayoimba mashuleni, mmeiangalia vizuri? Rahul anajisifu kwamba binadamu huishi mara moja, hufa mara moja na hupenda mara moja, na ni binti yake wa miaka minane na barua za marehemu mama wa mtoto ndio wanamfundisha kwamba kasema uongo.

mlozi_wa_jukwaa

Nipo Bagamoyo nasoma sanaa hapa TaSUBa kwa hiyo mnivumilie kidogo. Bi mkubwa kagusa kitu ambacho mimi kinanikera siku nyingi. Angalieni orodha, Rani kapanda ndege kaenda Paris. Kamanda na jamaa yake, Hawaii. How Stella Got Her Groove Back ya 1998, Angela Bassett mama wa miaka 40 anatoka San Francisco anaenda Jamaika anakutana na kijana wa miaka 20. Under the Tuscan Sun ya 2003, Diane Lane kapewa talaka, anaenda Italia kwa basi la watalii anashuka njiani ananunua jumba bovu. Wote wamesafiri! Waandishi wanapenda safari kwa sababu ni rahisi, ukibadilisha mandhari mtazamaji anaamini mtu naye kabadilika. Sasa mwana_makorora wewe una nauli ya Jamaika?

Wewe unahitaji za waliobaki mtaani. Waiting to Exhale ya 1995, kaongoza Forest Whitaker, na Angela Bassett yumo tena. Wanawake wanne wapo mji mmoja. Mume anamwambia mkewe anamwacha wakati wanavaa kwenda kwenye sherehe ya mwaka mpya. Anatoa suti zote za mume kabatini, anajaza kwenye gari la mume, anamwaga mafuta, anawasha sigara, mengine utaona mwenyewe. Lakini moto ndio kila mtu anaukumbuka, mimi naona kali zaidi ni pale vitu vya mume vilivyobaki anavitandaza nje anauza kila kimoja dola moja. Mnada kabisa. Na baada ya hapo bado anaendelea kukaa nyumba ile ile, watoto wanaenda shule, kesi ipo mahakamani, mambo hayaishi kwa wimbo mmoja.

Dear Zindagi ya 2016 pia, Alia Bhatt anarudi kwa wazazi wake Goa na hataki kurudi huko, halali usiku, anaenda kwa daktari wa mambo ya akili ambaye ni Shah Rukh Khan. Muvi nzima Shah Rukh hambusu mtu. Anamuuliza tu kuhusu kuchagua kiti, unajaribu vingapi kabla ya kununua kimoja, kwa nini kwa watu unajiona mwenye makosa ukijaribu.

Na ya kwetu msiisahau, Vuta N'kuvute ya Amil Shivji, 2021, kutoka kitabu cha Shafi Adam Shafi ambacho wengi tulikisoma. Yasmin anamkimbia mume mzee aliyeozwa. Ipo taratibu, msiende mkitegemea ngumi.

kamanda_wa_deep_sea

Mlozi umesahau Diary of a Mad Black Woman ya 2005, ile yenye yule bibi Madea. Mke wa humo naye hajapanda ndege. Kafukuzwa kwenye nyumba yake mwenyewe siku moja kabla ya kutimiza miaka kumi na minane ya ndoa, nguo zake zimeshapakiwa kwenye lori. Halafu mume anapigwa risasi, anapooza, kimada anakimbia, mke anarudi kumuuguza. Hapo ndio niliposema wanawake wana moyo.

bint_pangani

Moyo gani Kamanda, hukuangalia? Anamuuguza huku anamnyima chakula na anamtumbukiza kwenye beseni la kuogea! Na mwisho akishapona anampa karatasi za talaka anaenda kwa yule bwana mwingine anayempenda, Shemar Moore. Sema mimi sikupenda alivyorudi, hata kama ni kulipiza, maana muda wote ule Shemar Moore wa watu anasubiri.

bi_mkubwa_chumbageni

Alirudi ili aondoke yeye mwenyewe kwa miguu yake. Mara ya kwanza alitolewa.

mwana_makorora

Nimewasoma wote, asanteni sana. Kijana wa flashi kapata Queen na Waiting to Exhale, Prem Rog anasema hiyo mpaka aishushe na bando lake limeisha kwa hiyo nimempa buku. Queen nimeangalia na wadogo zangu, ule mnara unavyomfukuza Rani nimecheka mpaka mama kaja kuuliza kuna nini, kakaa, kaangalia mpaka mwisho, hajasema kitu. Asubuhi kampigia simu mjomba aende Dar kwa wazee wa yule bwana.

Waiting to Exhale nimeona peke yangu. Moto siwezi, ukiwasha kiberiti uani kwetu unachoma na nyumba ya jirani. Ila ule mnada umenikaa. Ndani kuna begi aliloniletea, vitenge vya wax, viatu, manukato, mikoba miwili, vingine vina lebo bado. Bi mkubwa nauza au narudisha?

bi_mkubwa_chumbageni

Mahari irudi kwao yote waliyoitoa, mbele ya mashahidi, na mjomba aandikishiane nao, maana ndoa haikufungwa na hiyo pesa sio yenu. Hizo zawadi kamuulizeni shehe wenu kwanza kabla hujatandaza mkeka, kila mtu atakuambia lake. Mikoba ifungie kabatini kwa sasa.

bint_pangani

Shehe akiruhusu, viatu kama ni namba 38 usimuuzie mtu, Jumamosi nakuja mjini.